Kikosi cha Kapteni Rohr: Wajerumani walivyohangaika kutoka handakini

SAA 1:20 asubuhi ya Julai 1, 1916, kilima kidogo karibu na kijiji cha Beaumont-Hamel, kaskazini mwa Ufaransa, kilipaa angani. Waingereza walikuwa wamechimba njia ya chini kwa chini mpaka chini ya ngome ya Wajerumani, wakashindilia humo takriban tani 18 za baruti, kisha wakaiwasha. Lilibaki shimo lenye upana wa mita 40 hivi na kina cha mita 18. Zaidi ya seksheni tatu za platuni moja ya Rejimenti ya 119 ya Akiba, vijana wa Württemberg, kusini mwa Ujerumani, ziliishia hapo.

Wenzao waliokuwa pembeni walinusurika kwa sababu hawakuwa juu ya ardhi. Walikuwa chini, mita sita hadi kumi, katika vyumba walivyovichonga ndani ya mwamba wa chaki, vyenye ngazi za mbao na angalau milango miwili ili mmoja ukifukiwa watu watokee kwa mwingine. Kwa siku saba mfululizo mizinga ya Waingereza ilikuwa imeumwagia mstari wa Wajerumani kwenye eneo la mto Somme makombora zaidi ya milioni 1.5. Seng'enge ziliraruliwa, mahandaki ya juu yakasawazishwa, chakula na maji vikafika kwa tabu. Lakini waliokuwa chini walikuwa hai.

Mlipuko ule uliwaambia kila walichotaka kujua. Waingereza walikuwa wameuwasha dakika kumi kabla ya saa ya kushambulia, na upande huo mizinga yao mizito ikaacha kuupiga mstari wa mbele na kulenga nyuma zaidi. Wajerumani wakapanda ngazi mbio, wengine wakiburuta bunduki ya rashasha aina ya MG 08, ambayo pamoja na kitako chake ilizidi kilo 60. Askari wa Uingereza walipoinuka saa 1:30, rashasha zilikuwa zimeshakaa ukingoni, mikanda ya risasi 250 ikiwa ndani.

Baadaye asubuhi hiyo wanaume wapatao 800 wa Rejimenti ya Newfoundland, upande wa Waingereza, waliteremka mteremko karibu na kijiji hichohicho. Kesho yake majina yalipoitwa, walioitika walikuwa 68. Kwa jeshi zima la Uingereza hasara ya siku moja ilifikia watu 57,470, na kati yao 19,240 walikufa.

Ukiitazama siku hiyo peke yake, utasema Wajerumani walikuwa wamepata dawa ya vita vya mahandaki. Maofisa wao wenyewe hawakuamini hivyo. Shimo liliwalinda, lakini mtu aliye shimoni hashindi vita, na tangu mwaka uliotangulia walikuwa wameshaanza kumtafuta atakayewaonyesha namna ya kutoka.

Koleo na sururu

Hakuna aliyepanga kuishi ardhini. Mwezi Agosti 1914 jeshi la Ujerumani liliingia Ubelgiji na Ufaransa kwa miguu, likitarajia kumaliza kazi kwa wiki chache. Lilipozuiwa kwenye mto Marne mwanzoni mwa Septemba, lilirudi nyuma mpaka kwenye kingo za juu za mto Aisne, likashika majembe. Siku hizohizo Jenerali Moltke, mkuu wa jeshi hilo, aliondolewa, nafasi yake ikachukuliwa na Erich von Falkenhayn. Kila upande ukajaribu kumzunguka mwenzake kuelekea kaskazini mpaka bahari ikawakatia njia. Kufikia mwisho wa Novemba kulikuwa na mstari wa mahandaki wa kilomita 700 hivi, kutoka pwani ya Ubelgiji hadi mpaka wa Uswisi.

Msomaji wa Afrika Mashariki anaijua Vita hii ya Kwanza ya Dunia kwa sura nyingine kabisa. Wakati rejimenti za Ujerumani zinajichimbia karibu na mji wa Ypres, askari wa kamanda wa Kijerumani Paul von Lettow-Vorbeck walikuwa wanapigana Tanga, Novemba 1914. Kutoka hapo walitembea miaka minne, wakavuka Ruvuma, wakaingia Msumbiji, wakaja kuweka silaha chini Abercorn, Rhodesia ya Kaskazini, Novemba 25, 1918. Jeshi la taifa lilelile, kule Ufaransa, liliweza kukaa miaka miwili likigombea kijiji kimoja.

Kukaa huko kulikuwa na hesabu yake. Mjerumani alikuwa kwenye ardhi ya mtu. Aliweza kurudi nyuma mita mia tano akachagua kilima kizuri, jambo ambalo Mfaransa hakuweza kulifanya bila kuonekana anaitoa nchi yake. Ndiyo maana mara nyingi Wajerumani walikuwa juu na penye ukavu, adui akawa bondeni kwenye matope.

Jeshi lenyewe halikuwa kitu kimoja. Prussia, Bavaria, Saxony na Württemberg kila moja ilikuwa na wizara yake ya vita na askari wake. Waingereza walijifunza kuwatofautisha: Wasaxony walisifika kwa upole, Waprussia waliogopwa. Krismasi ya 1914, pale askari wa pande mbili walipotoka mahandakini wakabadilishana tumbaku na vifungo vya makoti na kuzika maiti zao, Wasaxony walikuwa mstari wa mbele.

Mwaka huo rejimenti ya watu wapatao 3,000 ilikuwa na kombania moja ya rashasha, yaani bunduki sita. Askari wa kawaida alibeba bunduki ndefu ya Mauser na bayoneti, akavaa kofia ya ngozi yenye ncha ya chuma utosini ambayo haikuzuia hata kipande kidogo cha kombora. Kombania nzima ilitembea kwa sauti ya ofisa wake. Handakini, ambako mtu hamwoni aliye baada ya kona ya pili, sauti hiyo haikufika popote.

Waliojua kazi ya mashimo walikuwa wahandisi wa medani. Hao walikuwa na mabomu ya kutupa kwa mkono tangu zamani, walikuwa na mizinga mifupi ya kurusha makombora yanayodondokea ndani ya handaki, na kwao ndiko silaha mpya zilikojaribiwa. Mitambo ya kurusha moto ilikabidhiwa kikosi cha Meja Bernhard Reddemann, mtu ambaye kabla ya vita alikuwa mkuu wa zimamoto mjini Leipzig. Gesi ya sumu ilipewa rejimenti nyingine ya wahandisi, iliyofungua mitungi zaidi ya 5,700 ya klorini karibu na Ypres jioni ya Aprili 22, 1915, chini ya usimamizi wa mwanakemia Fritz Haber. Watetezi wa eneo hilo walikimbia, pengo la kilomita kadhaa likaonekana, lakini Wajerumani hawakuwa na akiba ya kutosha ya askari wa kulipitia. Walipata silaha iliyotisha dunia, na bado hawakutoka.

Kutoka Calsow hadi Rohr

Machi 1915 makao makuu yaliamuru kiundwe kikosi cha majaribio chini ya Meja Calsow: kombania mbili za wahandisi na mizinga midogo 20 ya milimita 37, iliyotengenezwa na Krupp ili isukumwe kwa mikono pamoja na askari wanaoshambulia. Wazo lilikuwa zuri. Matumizi yalikuwa mabaya. Mwezi Juni makamanda waliobanwa na Wafaransa waliwatupa vijana hao mstari wa mbele kuziba matundu kama askari wengine wowote. Karibu nusu yao walipotea, na mizinga mingi ikaharibika.

Mwishoni mwa Agosti, mabaki ya kikosi yalikabidhiwa kwa Kapteni Willy Rohr wa batalioni ya wadunguaji wa Gadi, mtu wa miaka 38. Rohr hakuanza na silaha. Alianza na swali: watu wangapi wanaweza kuongozwa na sajini mmoja ndani ya handaki la adui, kwenye moshi, bila kumsikia ofisa? Jibu lake lilikuwa wachache, idadi ya vidole vya mikono miwili au pungufu. Kuanzia hapo kila kitu kikapangwa kuzunguka kundi hilo dogo.

Alikataa mizinga ya Krupp kwa kuwa ilikuwa dhaifu na ilionekana kwa urahisi, akachukua mizinga ya Warusi iliyotekwa, mitutu yake ikafupishwa. Alitupa mabuti marefu ya kijeshi akachukua viatu vya kupandia milima. Magoti na viwiko vya sare vikashonewa viraka vya ngozi, kwa sababu mtu wake alitarajiwa kutambaa kuliko kutembea. Bunduki ndefu ikabadilishwa na fupi, mkoba wa mgongoni ukabaki nyuma, mifuko miwili ya mabomu ikaning'inizwa mabegani. Vijana wake walikuwa pia miongoni mwa wa kwanza kuijaribu kofia mpya ya chuma iliyobuniwa na Friedrich Schwerd, profesa wa Hannover. Kofia hiyo, iliyoshuka mpaka shingoni, ndiyo ikaja kuwa sura ya askari wa Kijerumani.

Kazi yenyewe ilifanywa hivi. Mahandaki hayakuchimbwa yakanyooka. Kila baada ya mita chache kulikuwa na kona, ili kombora likidondoka vipande visisafiri mbali na adui akiingia asifyatue risasi handaki zima. Kwa anayeshambulia, kona hizo zilikuwa milango ya mauti. Kundi la Rohr lilizifungua moja baada ya nyingine. Mtu mmoja au wawili walitangulia na bastola, au koleo lililonolewa ukingoni likakata kama shoka. Nyuma yao alikaa mrusha mabomu. Alifungua kifuniko kwenye ncha ya mpini, akavuta uzi, akalirusha juu ya kona. Bomu lilichukua sekunde tano na nusu hivi. Likishalia tu, waliotangulia waliingia kabla vumbi halijatua. Wabebaji walisogeza mabomu mengine mbele, na wa mwisho walikuja na viroba vya mchanga, tayari kuziba njia adui akirudi kwa nguvu.

Hayo yote yalirudiwa mazoezini mpaka yakawa mazoea. Kabla ya shambulizi, nyuma ya mstari palichimbwa handaki mfano wa lile la adui, kwa vipimo vya picha za ndege, na vijana wakalishambulia kwa mabomu ya kweli. Oktoba 1915 walipewa mtihani wa kwanza katika milima ya Vosges, wakiwa na mitambo ya kurusha moto, wakaiteka ngome ya Wafaransa waliyoagizwa. Februari 1916 walipelekwa kwenye mapigano ya Verdun. Kufikia Aprili kikosi kilikuwa batalioni kamili, na Mei Falkenhayn akaagiza majeshi yake ya magharibi yapeleke maofisa na masajini wakafundishwe kwa Rohr.

Watu hao waliishi tofauti. Hawakulala handakini wakikuna chawa na kuziba kuta zinazobomoka. Walikaa nyuma, wakala vizuri kidogo, wakaletwa kwa malori usiku wa kuamkia shambulizi na kuondolewa kazi ikiisha. Askari wa miguu aliyeachiwa handaki lililotekwa, na mizinga ya adui inayolipiza kisasi, alikuwa na maoni yake kuhusu utaratibu huo.

Mchimba kisima

Wakati Rohr anafundisha, Somme ilikuwa inaendelea. Amri ya Falkenhayn ilikuwa moja: handaki likichukuliwa, lirudishwe mara moja. Kwa hiyo ushindi wa Julai 1 ulifuatiwa na majuma ya mashambulizi ya kujibu, kila moja likiacha maiti nyingi kwa mita chache za udongo. Kijana mmoja wa miaka 21, Luteni Ernst Jünger, aliiona sehemu ya vita hiyo kwenye kijiji cha Guillemont mwezi Agosti. Rejimenti yake ya 73, kutoka Hannover, ilivaa mkononi utepe wa bluu wenye neno Gibraltar, heshima waliyopewa mababu zao kwa kuilinda ngome hiyo wakiwa upande wa Waingereza katika karne ya 18. Sasa utepe huo ulikuwa unawakabili Waingereza wenyewe. Jünger alitoka vitani na nishani ya juu kabisa ya Prussia na majeraha 14, akaandika kitabu kilichosomwa dunia nzima.

Agosti 29 Falkenhayn aliondolewa. Paul von Hindenburg na Erich Ludendorff wakashika uongozi, na Ludendorff alipokwenda magharibi akakagua gwaride la vijana wa Rohr. Aliwapenda. Kabla mwaka haujaisha, batalioni za namna hiyo zilikuwa zinaundwa katika majeshi mengine ya Ujerumani.

Halafu ikaja Novemba 13. Kwenye ukungu mzito, askari wa Scotland wa Divisheni ya 51 walikishambulia kijiji kilekile cha Beaumont-Hamel. Safari hii ngazi hazikutosha. Wajerumani wengi walikutwa bado wapo chini, adui amesimama mlangoni na bomu mkononi, wakatoka mikono juu. Chumba kilichookoa maisha mwezi Julai kilikuwa kimegeuka mtego, na mchimba kisima akawa ameingia mwenyewe. Somme yote iliwagharimu Wajerumani zaidi ya watu 400,000 waliouawa, kujeruhiwa au kutekwa.

Mafunzo mapya yakatolewa Desemba mosi. Mstari wa mbele uachiwe watu wachache. Rashasha zitawanywe nyuma, zikisaidiana. Adui aachwe aingie, achoke, apoteze mawasiliano na mizinga yake, ndipo divisheni zilizowekwa tayari nyuma zimpige. Kombania ikaanza kupewa rashasha nyepesi, na kundi dogo la kuizunguka bunduki hiyo likawa ndilo msingi wa vita. Lile wazo la Rohr la kushambulia likawa pia wazo la kujilinda: sajini akaruhusiwa kuamua arudi nyuma au abaki.

Ili kuutekeleza mpango huo lilijengwa boma jipya kabisa kwa saruji na seng'enge, kilomita nyingi nyuma ya Somme, likaitwa Siegfried. Waingereza wakaliita mstari wa Hindenburg. Wafungwa wa Kirusi na raia wa Ubelgiji na Ufaransa walilazimishwa kulijenga. Februari na Machi 1917 jeshi likahamia huko na kuufupisha mstari kwa kilomita 40 na zaidi, likaokoa divisheni zipatazo 13. Huku nyuma liliacha jangwa: vijiji vimelipuliwa, miti ya matunda imekatwa, visima vimeharibiwa, reli zimeng'olewa. Mwanamfalme Rupprecht wa Bavaria, ambaye majeshi yake ndiyo yalipewa kazi hiyo, aliipinga lakini hakusikilizwa.

Saa 10:40 alfajiri

Mwaka 1918 ulianza na nafasi ya mwisho. Urusi ilikuwa imejitoa, Wamarekani walikuwa hawajafika kwa wingi, na njaa ilikuwa imeingia Ujerumani kwa sababu ya manowari za Uingereza kufunga njia za bahari. Ludendorff aliamua kushambulia kabla mambo hayajageuka. Majira yote ya baridi askari walipelekwa kwenye mafunzo, na walimu wengi walikuwa wametoka kwenye batalioni za mashambulizi.

Tatizo lilikuwa hesabu. Watu, farasi na silaha nzuri havikutosha jeshi zima. Divisheni zikagawanywa: nyingine za kushambulia, zikapewa vijana na vifaa vipya, nyingine za kukaa tu handakini, zikabaki na watu wa makamo na waliochoka. Jeshi moja likawa majeshi mawili.

Machi 21, saa 10:40 alfajiri, mizinga zaidi ya 6,600 ilifyatua kwa pamoja dhidi ya Waingereza katika eneo lilelile la Somme. Msanii wa mizinga hiyo, Kanali Georg Bruchmüller, hakupiga siku saba kama Waingereza mwaka 1916. Alipiga kwa muda wa saa tano: kwanza vituo vya simu na mizinga ya adui, kwa gesi na vilipuzi, kisha mahandaki. Zaidi ya makombora milioni moja yalianguka. Makundi madogo yakatoka kwenye ukungu, yakakwepa ngome ngumu, yakapita katikati yake kama maji yanavyotafuta ufa, yakiacha wanaofuata wazimalize. Jioni Waingereza 21,000 walikuwa wametekwa. Katika siku zilizofuata baadhi ya vikosi vilisonga zaidi ya kilomita 60. Tangu 1914 hakuna aliyefanya hivyo upande wa magharibi.

Lakini siku hiyo ya kwanza peke yake iliwagharimu Wajerumani karibu watu 40,000, na waliokufa ndio wale waliotangulia, vijana waliofundishwa miezi. Machi 26 waliuteka mji wa Albert, wakazikuta ghala za Waingereza. Watu waliokuwa wakila mkate wa viazi na kunywa kahawa ya nafaka waliona nyama ya makopo, sukari, mvinyo na viatu vya ngozi halisi. Maofisa walipopiga kelele za kusonga mbele, hakuna aliyewasikia. Aprili 5 shambulizi lilisimama kabla ya kufika Amiens, hasara ikiwa imefika watu 239,000 hivi. Yalifuata mashambulizi mengine manne kufikia Julai, kila moja likianza na askari bora wachache kuliko lililopita. Divisheni za kukaa handakini ndizo zilizobaki kuilinda ardhi mpya, mahali ambapo hapakuwa na hata handaki.

Agosti 8 Waingereza, Wakanada, Waaustralia na Wafaransa walishambulia mbele ya Amiens na vifaru mamia. Maelfu ya Wajerumani walijisalimisha kwa siku moja, na Ludendorff akaiita siku nyeusi ya jeshi la Ujerumani.

Watu tisa darajani

Lile boma la Siegfried lilivunjwa Septemba 29, 1918. Sehemu yake ngumu kuliko zote ilikuwa mfereji wa Saint-Quentin, wenye kuta za mwinuko mkali, na iliangukia mikononi mwa Divisheni ya 46 ya Uingereza. Divisheni hiyo ilikuwa na deni la zamani. Julai 1, 1916 ilishambulia Gommecourt, kilomita chache kaskazini mwa Beaumont-Hamel, ikarudishwa nyuma, na jenerali wake akafukuzwa kazi.

Safari hii walikuja kwenye ukungu wakiwa wamevaa maboya yaliyokusanywa kutoka meli za abiria. Kwenye daraja la Riqueval Wajerumani walikuwa wameshatega baruti. Kapteni mmoja Mwingereza, A. H. Charlton, aliwachukua watu tisa, wakakimbilia darajani, wakawaua waliokuwa wanataka kuwasha utambi, wakakata nyaya. Kufikia jioni divisheni ilikuwa ng'ambo na mateka zaidi ya 4,000. Ofisa mmoja, watu tisa na uamuzi wa papo hapo bila kusubiri amri: Rohr angelijua somo hilo mara moja.

Batalioni yake yeye haikuwa tena mstari wa mbele. Ilimaliza vita ikilinda makao makuu mjini Spa, Ubelgiji, alikokuwa Kaisari Wilhelm II. Katika siku za kwanza za Novemba mabaharia waliasi Kiel, miji ya Ujerumani ikaanguka mikononi mwa mabaraza ya askari na wafanyakazi, na majenerali wakamwambia Kaisari kwamba jeshi halitampigania. Alfajiri ya Novemba 10, siku moja kabla ya silaha kunyamaza, Kaisari aliondoka Spa na wasaidizi wake, akavuka mpaka wa Uholanzi kuomba hifadhi, akiwaacha nyuma walinzi wenye kofia za chuma na viraka vya ngozi magotini.